Brian Cox hakufika peke yake

*Mwigizaji huyu wa Dundee, Uskoti, alipata umaarufu wake mkubwa kabisa baada ya kuvuka miaka 70. Wengi huyasoma maisha yake kama ushindi wa kipaji na jasho la mtu mmoja. Ukifuatilia nani alilipa nini na lini, habari inageuka.*

Katika msimu wa pili wa tamthilia ya Succession, iliyorushwa na HBO ya Marekani mwaka 2019, bilionea Logan Roy anarudi Dundee, mji aliozaliwa, kwenye pwani ya mashariki ya Uskoti. Sherehe ya miaka 50 ya biashara yake inafanyika ndani ya jumba la makumbusho la V&A Dundee, lililofunguliwa mwaka mmoja kabla kando ya Mto Tay. Wageni wamependeza, hotuba zinamiminika, na mwanawe Kendall anapanda jukwaani akiwa amevaa jezi, anaanza kurapu kumsifu baba yake huku ndugu zake wakitazama kwa aibu. Mzee mwenyewe hana hata chembe ya furaha ya kurudi nyumbani. Logan ni mtu anayeamini kwamba hadaiwi na yeyote: si mji, si jamaa, si serikali.

Aliyeigiza uhusika huo, Brian Cox, naye ni mzaliwa wa Dundee. Cox amesimulia kwamba mwanzoni aliambiwa Logan ni mzaliwa wa Quebec, Kanada, na kwamba msimu wa kwanza ulipokaribia kwisha ndipo alipopata habari kutoka kwa mwenzake kwamba waandishi wamehamishia kuzaliwa kwa mhusika huyo Dundee. Tangu hapo imekuwa rahisi kwa watazamaji kuwaona wawili hao kama mtu mmoja: mtoto wa maskini aliyepanda hadi juu kwa ukali na ukaidi wake. Makala haya yanadai kwamba ulinganisho huo una kosa la msingi. Maisha ya Cox ni ushahidi wa kile ambacho fedha za umma zinaweza kumfanyia mtoto asiye na kitu, na ubishi unaoendelea Uingereza leo ni kama mtoto wa namna hiyo bado ana mlango wa kugonga.

Mtoto wa mji wa juti

Cox alizaliwa tarehe 1 Juni 1946, kitinda mimba katika familia ya Kikatoliki ya watoto watano. Dundee ulikuwa mji wa juti. Nyuzi zililetwa kwa meli kutoka Bengal, zikasokotwa na kufumwa kuwa magunia na turubai, na kazi kubwa ya viwandani ilibebwa na wanawake. Mama yake alikuwa msokotaji katika viwanda hivyo. Baba yake alikuwa na duka katika mtaa wa watu wa kipato cha chini, na alikuwa mwepesi wa kukopesha wateja waliokuwa hawana cha kulipa. Alifariki Cox akiwa na miaka minane, na kwa mujibu wa Cox, akaunti yake ya benki ilikutwa na pauni 10 tu.

Mama akaugua akili mara kadhaa, na malezi ya mtoto yakaangukia kwa dada zake wakubwa. Cox amesimulia jinsi alivyokuwa akienda duka la chipsi kuomba vipande vya unga vilivyobaki kwenye mafuta baada ya samaki kukaangwa, ili kupata chochote cha kula. Shuleni hakuwa miongoni mwa waliotarajiwa kufika mbali. Alisoma shule ya sekondari ya ngazi ya chini, ya wale waliotazamiwa kuingia kazini wakifika miaka 15. Alichokuwa nacho ni sinema. Mji ulikuwa na kumbi nyingi, naye alishinda humo, hadi alipomwona Albert Finney katika Saturday Night and Sunday Morning, filamu ya mwaka 1960 kuhusu kijana wa kiwandani. Kwa mara ya kwanza alimwona mtu wa tabaka lake akiwa ndiye steringi.

Fedha zilitoka wapi

Kutamani ni jambo moja, kupata pa kuanzia ni jingine. Mahali hapo palikuwa Dundee Repertory Theatre, ukumbi ulioanzishwa mwaka 1939, wenye kikundi chake cha kudumu kilichobadilisha mchezo kila baada ya wiki chache. Cox aliingia hapo akiwa bado kijana mdogo, kama kibarua wa kazi zote: kupiga deki jukwaani, kupeleka makusanyo benki, kutumwa huku na kule. Amesimulia kwamba siku ya kwanza aliwakuta mwigizaji na msimamizi wa jukwaa wakipigana ngazini. Kwa mtoto aliyetoka katika nyumba yenye misukosuko, palikuwa nyumbani. Pale alijifunza kazi kwa kuiona ikifanywa kila usiku, na kwa kulipwa, hata kama kilikuwa kidogo.

Kumbi kama hizo hazikujiendesha kwa tiketi peke yake. Mwaka 1946, mwaka uleule aliozaliwa Cox, serikali ya Uingereza iliunda Baraza la Sanaa ili kugawa fedha za hazina kwa kumbi, vikundi vya muziki na majumba ya sanaa. Miaka miwili baadaye sheria ya serikali za mitaa ikaziruhusu halmashauri kutumia sehemu ya kodi ya majengo kwa burudani na sanaa. Ilikuwa sehemu ya fikra pana ya baada ya vita, fikra iliyozaa pia huduma ya afya ya taifa mwaka 1948: kwamba baadhi ya mambo mema hayapaswi kumngojea mtu awe na fedha kwanza.

> Mwaka aliozaliwa Cox ndio mwaka serikali ya Uingereza ilipounda Baraza la Sanaa.

Mwaka 1963 Cox alikwenda London kusomea uigizaji katika chuo cha LAMDA. Kijana yatima wa baba, mwenye mama mgonjwa, hakuwa na mtu wa kumlipia ada wala chumba. Vyote viwili, ada na fedha ya kujikimu, vililipwa kwa ruzuku ya umma ambayo haikutakiwa kurejeshwa. Cox ameirudia habari hii katika mahojiano mengi na huieleza bila kuficha: pasipo ruzuku ile, asingekuwa mwigizaji. Alipomaliza mwaka 1965 alikwenda Edinburgh kuwa miongoni mwa waigizaji wa kwanza wa kikundi kipya cha Royal Lyceum, kisha akahamia ukumbi wa Birmingham. Zote zilikuwa kumbi zilizotegemea ruzuku.

Nusu karne kabla ya jina kubwa

Wanaopinga watasema huo ulikuwa mwanzo tu. Baadaye soko ndilo lililomkuza. Kumbukumbu za kazi yake hazikubaliani nao. Tuzo yake ya kwanza ya Olivier ilitokana na Rat in the Skull, mchezo uliofanyika Royal Court mwaka 1984. Ya pili, ya mwaka 1988, ilitokana na Titus Andronicus wa Royal Shakespeare Company, chini ya mwongozaji Deborah Warner. Mwaka 1990 alikuwa King Lear katika National Theatre. Majumba hayo matatu, yote yenye ruzuku ya umma, ndiyo yaliyoruhusu mwigizaji kukaa na uhusika mgumu kwa miezi, kukosea mazoezini na kurudia, bila mwenye mtaji kuuliza faida iko wapi.

Filamu ilipomwita, ilinunua kilichokwisha kunolewa hapo. Mwaka 1986 Michael Mann alitengeneza Manhunter, filamu ya kwanza kumwonyesha muuaji Hannibal Lecter, jina ambalo humo liliandikwa Lecktor. Katika usaili, Cox alitakiwa kuwapa mgongo waliokuwa wakichagua waigizaji, kwa kuwa walitaka kuipima nguvu ya sauti yake. Ukiitazama filamu unaelewa sababu. Mpelelezi anaingia kwenye seli nyeupe kila upande. Mfungwa amelala kitandani, kaelekea ukutani. Kabla ya kugeuka anakuwa ameshamtambua mgeni wake kwa harufu ya manukato ya kunyolea ndevu. Cox anaonekana kwa dakika chache tu katika filamu nzima, na haongei kwa kelele. Alisema alimfikiria Peter Manuel, muuaji aliyenyongwa Glasgow mwaka 1958. Lakini sauti ile, inayofika bila kupandishwa, ni ufundi wa mtu aliyezoea kumfikia mtazamaji wa kiti cha nyuma.

Miaka mitano baadaye Anthony Hopkins aliigiza uhusika huohuo katika The Silence of the Lambs na kutwaa Oscar. Cox hakuwahi hata kuteuliwa kuwania tuzo hiyo. Aliendelea kufanya kazi: Braveheart na Rob Roy mwaka 1995, Rushmore 1998, X2 mwaka 2003, Troy 2004. Uhusika wake wa Hermann Göring katika Nuremberg ulimpa tuzo ya Emmy mwaka 2001. Alikuwa mwigizaji ambaye watu huijua sura yake na kulisahau jina. Succession ilipoanza Juni 2018 alikuwa ametimiza miaka 72 siku chache kabla. Golden Globe ya mwaka 2020 ilikuja baada ya zaidi ya nusu karne ya kazi. Mtu hawezi kungoja muda wote huo kwa kipaji peke yake. Anahitaji kazi inayolipa katikati ya safari, na sehemu kubwa ya safari ya Cox, hasa ile ya mwanzo, ililipwa na umma.

Takwimu zinasemaje sasa

Hali ya leo ina sura nyingine. Uingereza, watoto wanaosoma shule za kulipia ni kama asilimia 7. Taasisi ya Sutton Trust ilipochunguza mwaka 2016, ilikuta kwamba kati ya Waingereza waliotwaa tuzo za BAFTA za uigizaji, asilimia 42 walitoka shule hizo. Kwa washindi wa Uingereza wa tuzo kuu za Oscar ilikuwa asilimia 67. Watafiti Sam Friedman, Dave O'Brien na Daniel Laurison, katika utafiti uliochapishwa mwaka 2017, walionyesha jinsi tofauti hiyo inavyojengwa. Mwigizaji mwenye wazazi wenye uwezo huweza kukataa kazi mbaya, kukaa London miezi bila kipato, na kungoja kazi nzuri. Asiye nao hukubali kinachokuja, na mara nyingi kinachokuja ni uhusika wa mhalifu au mlevi, kwa sababu ya lafudhi yake.

Wakati huohuo gharama ya kuingia imehama kutoka hazina kwenda kwa kijana mwenyewe. England ilianza kutoza ada ya chuo kikuu ya pauni 1,000 kwa mwaka hapo 1998, ikafika 3,000 mwaka 2006 na 9,000 mwaka 2012. Ruzuku za kujikimu ziligeuzwa mikopo, zikarudishwa, kisha zikafutwa tena mwaka 2016. Mtoto wa kibarua anayetaka kuwa mwigizaji leo anatakiwa kukopa makumi ya maelfu ya pauni ili aingie katika fani ambayo wengi wa walio ndani yake hukaa bila kazi kwa muda mrefu. Anayeogopa deni hilo anapiga hesabu sahihi, na wala huwezi kusema amekosa moyo.

Je, zamani palikuwa na haki?

Pingamizi zito kuliko yote halitoki kwa matajiri. Linatoka kwa watafiti wenyewe. Mwaka 2022 Orian Brook na wenzake walichapisha uchambuzi wa takwimu za sensa na kuonyesha kwamba, kati ya wasanii na waandishi waliozaliwa 1953 hadi 1962, asilimia 16.4 walitoka tabaka la wafanyakazi. Kwa waliozaliwa miongo mitatu baadaye ni asilimia 7.9. Magazeti yalishika anguko hilo. Lakini watafiti walisema jambo la pili, ambalo halikupewa nafasi ya kutosha: tabaka lenyewe la wafanyakazi limepungua katika nchi nzima, na uwezekano wa mtoto wa tabaka hilo kuingia katika sanaa, ukimlinganisha na mtoto wa wenye nafasi, ulikuwa mbovu tangu mwanzo. Enzi ya dhahabu, walisema, haikuwapo.

Hoja hiyo lazima ikubaliwe. Miaka ya 1960 haikuwa peponi. Watoto wengi wa Dundee waliosoma na Cox hawakuwahi kuuona ukumbi kwa ndani, na wasichana waliorithi mashine za mama zao viwandani walikuwa na njia finyu zaidi ya wavulana. Ila kukubali kwamba mlango ulikuwa mwembamba si kukubali kwamba haukuwa na maana. Utafiti huo unatuambia ni wangapi walipita. Hautuambii waliopita walipitaje. Kwa Cox tunajua: ukumbi wa mji uliomwajiri, chuo kilicholipiwa, vikundi vyenye ruzuku vilivyompa kazi. Kama watu wachache walipita wakati msaada ulikuwapo, kuuondoa msaada hakuwezi kuwa tiba ya uchache huo. Funzo la watafiti ni kwamba ruzuku peke yake haikutosha, na hilo ni sababu ya kuongeza juhudi shuleni na mitaani.

> Utafiti unatuambia ni wangapi walipita. Hautuambii waliopita walipitaje.

Na James McAvoy je?

Pingamizi la pili huja na jina. James McAvoy alilelewa na babu na bibi yake Drumchapel, mtaa wa nyumba za halmashauri huko Glasgow, akafanya kazi katika duka la mikate, na leo ni nyota. Wasomaji wa Afrika Mashariki wanamkumbuka kama daktari Mskoti katika The Last King of Scotland, filamu ya mwaka 2006 iliyopigwa Uganda, iliyompa Forest Whitaker Oscar kwa kumwigiza Idi Amin. Kama McAvoy aliweza, kipi kinawazuia wengine?

Jibu ni kwamba McAvoy ni mfano wa hoja hii hii. Alisoma katika chuo cha umma cha muziki na maigizo cha Glasgow na kuhitimu mwaka 2000. Uskoti haikuendelea na njia ya England: wanafunzi Waskoti wanaosoma kwao hadi leo hawatozwi ada ya shahada ya kwanza. McAvoy mwenyewe amelalamika hadharani kwamba sanaa inaondolewa katika shule za kawaida huku ikibaki katika za kulipia, na ametoa fedha zake kuwasaidia wanafunzi wa chuo alichosoma. Anayemtumia McAvoy kuthibitisha kwamba msaada hauhitajiki anamtumia shahidi anayesema kinyume chake.

Wengine wataelekeza kwenye simu na mitandao: siku hizi kijana anaweza kujirekodi chumbani na kutuma usaili wake popote duniani. Ni kweli, na ni jambo jema. Lakini tatizo la Cox mwaka 1963 halikuwa kukosa kamera. Lilikuwa chakula, kodi ya chumba na miaka miwili ya kufundishwa. Hayo simu haijayapunguzia bei, na usaili uliorahisishwa kwa wote umeongeza foleni ya wanaongoja bila kulipwa.

Hospitali kwanza?

Lipo pingamizi la tatu, la mtu wa kawaida anayelipa kodi: fedha ni haba, na kati ya kitanda cha hospitali na kijana anayetaka kuigiza, uamuzi ni rahisi. Pingamizi hili lina heshima yake, lakini linaweka mbele yetu uchaguzi ambao serikali haziufanyi kwa hakika. Mwaka 2008 Royal Bank of Scotland, benki iliyojisifu kwa werevu wa wakuu wake, iliokolewa kwa takriban pauni bilioni 45 za umma. Habari hiyo imegeuzwa mchezo na mwandishi James Graham, Make It Happen, uliofunguliwa mwaka 2025 katika ukumbi wa Dundee Rep. Cox, akiwa na miaka 79, aliigiza mzuka wa Adam Smith, baba wa elimu ya uchumi wa soko, anayerudi kuona jina lake limetumiwa vipi. Ruzuku kwa sanaa ni sehemu ndogo mno ya matumizi ya serikali yoyote. Tofauti ni kwamba msanii huitwa tegemezi anaposaidiwa, na mwenye benki haitwi hivyo.

Inafaa pia kumkosoa Cox mwenyewe. Anaishi maisha ya starehe, sehemu kubwa Marekani, na ana mdomo usiowaacha salama wenzake wala wanasiasa. Alikisemea chama cha Labour mwaka 1997, baadaye akaunga mkono uhuru wa Uskoti. Si kila mtu atampenda. Hata hivyo hoja haitegemei tabia yake. Ingekuwa kweli hata kama angekuwa mtu mpole asiyesema neno, kwa kuwa inasimama juu ya ada na mishahara iliyolipwa.

Kilicho hatarini

Kinachopotea mlango ukifungwa ni zaidi ya ajira za watu wachache. Televisheni na filamu ndizo zinazoipa nchi picha yake yenyewe. Wakiigiza watoto wa shule za kulipia peke yao, mfanyakazi hubaki mtu wa kutazamwa kutoka nje, wa kuchekwa au kuogopwa. Logan Roy aliogopesha kwa sababu aliyemvaa alijua umaskini unavyomfanya mtu ashike fedha asiiachie, na pia alijua jinsi watu wa aina ya Logan wanavyosahau waliowasaidia. Maarifa hayo hayafundishwi London kwa ada ya chuo.

Uskoti na England sasa ni kama maabara mbili zilizo jirani. Moja imeendelea kulipia masomo, nyingine imeyageuza deni, na zote mbili zimeacha kumbi za miji zikihangaika kupata fedha. Anayetaka kujua kama nchi yake inatoa nafasi sawa asipime kwa nyota waliokwisha kung'aa, kwa sababu nyota wa leo ni matokeo ya bajeti za miaka 30 hadi 60 iliyopita. Apime kwa kijana wa miaka 15 asiye na baba wala akiba: leo jioni anaweza kugonga mlango wa nani, na ukifunguliwa, nani atamlipa?